Pumzi Ndani ya Henzirani

Mhadhara juu ya kazi ya Adrian Kohler, mchonga na mchezesha vikaragosi



Naomba idhini yenu nianze na tusi. Katika lugha yetu, mtu akitaka kumshusha mwenziwe daraja mpaka asibakiwe na heshima ya kujitetea, humwita kikaragosi: yaani mtu asiye na rai yake mwenyewe, ambaye mkono wake huinuka kwa sababu mwingine ameuvuta, na kinywa chake hutoa maneno yaliyotungwa katika kifua kisicho chake. Neno hili hutumika bungeni, magazetini na barazani, nami sikuja kumnyang'anya mtu silaha yake ya siasa. Nimekuja kwa sababu, kwa kuifuatilia miaka mingi kazi ya fundi mmoja wa Afrika Kusini, nimesadiki ya kuwa tusi hilo limejengwa juu ya dhana mbovu. Na ya kuwa mtu aliyewahi kukishika kikaragosi kwa unyofu, akakaa nacho siku, miezi na miaka, hakumkuta mtumwa mikononi mwake hata mara moja, bali alijikuta yeye mwenyewe ameajiriwa.

Neno lenyewe lina safari ndefu. Waturuki wana mchezo wao wa vivuli, ambao shujaa wake aitwa Karagöz, maana yake mwenye jicho jeusi. Naye hukatwa katika ngozi iliyokwanguliwa mpaka ikapenyeza nuru, kisha akachezeshwa nyuma ya pazia jeupe mbele ya taa. Wamisri nao wana Aragoz wao. Sauti ya jina hilo yanitosha kuamini ya kuwa lilipanda chombo pamoja na zulia na marashi, likashuka katika pwani yetu likiwa limepungua sherehe yake na kubakiwa na dhihaka tu. Na kabla ya Waturuki, Cairo ilikuwa na Ibn Daniyal, mzaliwa wa Mosul, tabibu wa macho aliyefariki mwanzoni mwa karne ya 14, ambaye michezo yake mitatu ya vivuli imehifadhika mpaka leo. Hupenda kumkumbuka mtu huyu: mchana akitibu macho ya watu, na usiku akiyapa kitu cha kutazama.

Sasa tuingie katika maudhui yetu. Adrian Kohler alilelewa katika nyumba ambamo baba alikuwa fundi wa mbao na mama akichezesha vikaragosi kwa mapenzi yake tu, si kwa riziki. Na mimi siitafuti asili nyingine ya kazi yake, kwa kuwa hizo mbili zatosha: kwa baba alipata randa na patasi, na kwa mama akapata sababu ya kuzishika. Alisoma sanaa katika shule ya Michaelis ya Chuo Kikuu cha Cape Town, ambako alikutana na Basil Jones, mwenziwe wa kazi na wa maisha. Wakaishi Botswana kwa muda, na mwaka 1981, pamoja na wasanii wenzao wawili, Jill Joubert na Jon Weinberg, wakaanzisha Cape Town kundi la Handspring Puppet Company. Siku za mwanzo walikuwa wakicheza kwa watoto, wakizunguka shuleni katika nchi ambayo sheria zake zilikuwa zimewatenga watoto wale wale kwa rangi za ngozi zao. Wengi hupita juu ya miaka hiyo kana kwamba ilikuwa ukumbi tu wa kungojea kazi kubwa. Mimi naiheshimu, kwa sababu mtoto ni hakimu asiye na adabu ya kusamehe: kikaragosi kikifa mkononi mwa mchezaji, mtoto huanza kuzungumza na jirani yake papo hapo.

Hapo ndipo kilipo kiini cha fani hii, na yaliyobaki ni matawi. Mwigizaji wa nyama na damu apandapo jukwaani, uhai wake hauna shaka; hata akilala asitikisike, twajua ya kuwa yu hai, na ikiwa mchezo wamtaka afe, basi taabu yake ni kufa. Basil Jones amelieleza jambo hili mara nyingi, na maana ya maelezo yake ni kwamba kikaragosi kina taabu iliyo kinyume cha hiyo: kila dakika kinajitahidi kuishi, na kikiachwa kitambo kidogo tu hurudi kuwa mti na kitambaa. Kwa hiyo kazi yake ya kwanza si kunena maneno ya mtunzi, wala kutembea, wala kuchekesha, bali ni kuwa hai. Na mtazamaji, pasipo kujua, huikodolea macho kazi hiyo kama vile tumtazamavyo mgonjwa aliye usingizini, tukisubiri kifua chake kiinuke tena.

Bibi yangu mzaa baba alikuwa akitutengenezea wanasesere wa magunzi ya mahindi, akiwavika vipande vya kanga kuukuu, na katika malezi yake yote hakutuwekea sharti gumu juu yao isipokuwa moja: tusimlaze mwanasesere kifudifudi. "Atapumulia wapi?" ndilo swali lake, na uso wake haukuwa na mzaha. Nilikuwa mtu mzima nilipokuja kusikia ya kuwa katika mafunzo ya Handspring somo la kwanza ni hilo hilo la bibi yangu. Kabla kikaragosi hakijageuza shingo wala kuinua mguu, hufundishwa kupumua. Na pumzi ndiyo ichukuayo fikira zake, kwa kuwa kiumbe kilichoshtuka huvuta hewa kabla hakijakimbia, na kiumbe kilichokata tamaa huitoa polepole pasipo haraka ya kuvuta nyingine. Waarabu wamezifanya pumzi na nafsi kuwa watoto wa mzizi mmoja, nafas na nafs, nasi tumeirithi nafsi tukakisahau kifua ilimotoka. Mchezesha vikaragosi hapewi ruhusa ya kukisahau.

Mwaka 1992 kundi hili lilishirikiana na mchoraji William Kentridge wa Johannesburg, na ushirika huo ukazaa michezo ambayo, kwa maoni yangu, ndiyo kilele cha kazi ya Kohler, hata kama umaarufu wake mkubwa ulikuja baadaye kwa mlango mwingine. Wa kwanza uliichukua tamthilia ya Woyzeck ya Mjerumani Georg Büchner, juu ya askari maskini aliyedhulumiwa mpaka akili ikamtoka, ukamfanya mfanyakazi mhamiaji katika Johannesburg ya miaka ya 1950. Nyuma ya vikaragosi vya mti ilikuwapo michoro ya makaa ya Kentridge, ikisogea, ikifutika na kuzaliwa upya, kana kwamba ndiyo mawazo ya yule mtu wa mti. Wa pili, mwaka 1995, ulimleta Faustus Afrika, yule mwanachuoni aliyeiuza roho yake, akafanya safari ya bara zima akila na kupora. Lakini naomba tutue katika mchezo wa mwaka 1997, Ubu and the Truth Commission, ulioandikwa na Jane Taylor.

Mtakumbuka ya kuwa mwaka 1996 Tume ya Ukweli na Upatanisho, chini ya Askofu Mkuu Desmond Tutu, ilianza kuwasikiliza waliodhulumiwa na waliodhulumu. Mama aliketi mbele ya umma akaeleza namna alivyoutambua mwili wa mwanawe. Baadhi ya ushuhuda huo ukaingia katika mchezo. Na hapo likazuka swali ambalo kila mtu wa jukwaani mwenye dhamiri lazima aliulize: je, mwigizaji, ambaye kesho atacheza tajiri na kesho kutwa atacheza mlevi, ana haki gani ya kujifanya mama yule? Akilia vizuri, tutamsifu kwa kulia vizuri, na sifa hiyo itakuwa dhuluma ya pili. Jibu lao lilikuwa kuwapa mashahidi miili ya mti. Kohler aliwachonga nyuso, na alama za patasi hakuzilainisha kwa msasa, ila aliziacha zipokee taa na kivuli, hata uso ule ule mmoja, kwa kuinamishwa kidogo, ulionekana mara umestahimili na mara umevunjika. Mti haujifanyi kuwa mama yule. Mti watamka wazi ya kuwa yeye hayupo, na ya kuwa maneno haya ni amana yake yaliyoletwa na wengine. Na kwa ukiri huo wa unyenyekevu mtazamaji hulazimika kumtafuta mwenye maneno katika moyo wake mwenyewe.

Tena tazameni mpango wa jukwaa. Muuaji, Ubu, na mkewe walichezwa na watu hai, wenye jasho na makelele. Mashahidi waliokuwa wa mti ndio walioonekana kuwa wanadamu kamili. Kila shahidi alishikwa na wachezaji wawili, mmoja upande huu na mmoja upande huu, bila barakoa wala pazia, macho yao yakimwelekea yeye tu. Na wale waliokuwa wamehudhuria vikao vya Tume waliwatambua mara moja, kwani katika vikao vile nako kila shahidi aliketi na mtu wa kumliwaza kando yake. Fauka ya hayo alikuwapo mamba aliyetengenezwa kwa mfuko wa turubai, kazi yake kumeza nyaraka za ushahidi kabla hazijafika mikononi mwa wachunguzi. Sijapata kuona hoja ya sheria iliyoelezwa kwa ufasaha kama tumbo la mamba yule.

Mtauliza: kwa nini wachezaji wasijifiche? Desturi ya nchi nyingi ni pazia. Wajapani, katika mchezo wao wa bunraku, waliacha pazia zamani. Watu watatu humshika kikaragosi mmoja mbele ya macho ya wote, mkuu akishika kichwa na mkono wa kulia, wa pili mkono wa kushoto, wa tatu miguu, na hadithi ya fani hiyo ni kwamba miguu peke yake ni somo la miaka kumi. Kohler alijifunza kwa Wajapani, akajifunza pia kwa Wabambara wa Mali, ambao vikaragosi vyao vina ukubwa wa mnyama na hubeba watu ndani. Siri ya kutojificha nayo ni hii: jicho la binadamu hufuata jicho la binadamu mwenziwe. Wachezaji watatu wakikitazama kikaragosi kwa moyo mmoja, nasi twakitazama; wao hubaki pale pale, na hata hivyo tumeacha kuwaona. Mmoja wao akiinua uso kuwaangalia watazamaji, hata kwa nukta moja ya majivuno, mara watu wote ukumbini humwona yeye, na kikaragosi huzimika kama taa ya koroboi.

Mwaka 2004 Kohler na wenzake walikwenda mbali zaidi wakiwa na Wamali. Pamoja na Yaya Coulibaly na kundi lake la Sogolon walitengeneza mchezo wa Tall Horse, juu ya twiga aliyepelekwa na Muhammad Ali Pasha wa Misri kwa Mfalme Charles wa Kumi wa Ufaransa. Alitoka Sudani, akavuka bahari mpaka Marseille mwaka 1826, na mwaka uliofuata akatembea kwa miguu yake hadi Paris, watu wakijipanga njiani kumstaajabia. Watu wa Malindi hawatakiona kisa hiki kigeni, kwani twiga wa mji wao alikwisha kufika Uchina mwaka 1415. Twiga wa Kohler alikuwa na wachezaji wawili ndani yake waliosimama juu ya mironjo, shingo ikipaa juu ya vichwa vya watu wote. Na katika walioiona kazi hiyo alikuwapo Tom Morris wa National Theatre ya London, ambaye aliwaza ya kuwa walioweza kumpa pumzi twiga wataweza kumpa farasi.

Hivyo ndivyo alivyozaliwa Joey. Riwaya ya Michael Morpurgo ya mwaka 1982 yahusu farasi wa shamba la Kiingereza aliyepelekwa katika vita vya 1914 hadi 1918, na mchezo wa War Horse, ulioongozwa na Marianne Elliott pamoja na Morris, ulifunguliwa London mwezi wa Oktoba 2007. Nitasema wazi ya kuwa hadithi yenyewe naiona nyepesi kuliko mnyama aliyeibeba. Lakini mnyama! Mwili wake ni henzirani zilizolowekwa na kupindwa zikafuata mbavu na mapaja, juu yake kitambaa chepesi kama shashi, na ndani uti wa mgongo wa alumini wenye nguvu ya kumchukua mpandaji mzima. Henzirani zile hazifichi kitu. Wayaona mapengo, waiona miguu ya watu. Wachezaji ni watatu: mmoja atembea kando na kushika kichwa, wa pili yu kifuani, naye huitwa moyo, wa tatu yu nyuma na mkia ni wake. Pumzi hutoka kwa wale wawili wa ndani, ambao hukunja na kukunjua magoti kidogo kidogo, na kifua chote cha henzirani kikapanda na kushuka. Kwa kuwa hakuna binadamu mwenye mapafu ya farasi, wote watatu hulia kwa pamoja, sauti zao zikaungana kuwa mlio mmoja. Masikio yake hugeuka kumtafuta asemaye. Naye hasemi neno, wala haelewi maneno: huelewa sauti, mkono, harufu na hofu, basi, kwani mafundi walikataa katakata kumpa akili ya binadamu ili kumpendeza binadamu. Ukataaji huo ndio ninaouita heshima.

Niruhusuni nitoke njiani kidogo. Tuliosoma historia ya nchi zetu hatuwezi kumtazama Joey pasipo kukumbuka ya kuwa vita vile vile vilipofika huku, mbung'o waliwaua farasi na nyumbu, na mizigo ya majeshi ikatwikwa vichwani mwa watu, wakafa kwa maelfu kwa maradhi na njaa. Na jina lao lililobaki ni la masoko na mitaa, Kariakoo. Ulaya imemtengenezea farasi wake kumbukumbu ya henzirani. Mpagazi wetu angali akimngoja fundi, nami naingoja siku hiyo kwa shauku.

Joey alicheza London mpaka mwaka 2016, akavuka bahari hadi New York, na mwaka 2011 kundi la Handspring likatunukiwa nishani maalumu ya Tony. Fahari hiyo sitaikalia. Lililo na uzito kwangu ni kwamba baada yake fundi hakutulia katika farasi. Mwaka 2021 karakana ile ilimtoa msichana wa urefu wa mita tatu na nusu, mtoto mkimbizi kutoka Shamu, jina lake Amal. Nawaomba wasikilizaji wa pwani wasilichanganye na amali yetu, ambayo yatokana na neno jingine la Kiarabu lenye ayn mwanzoni, kwani hili la msichana maana yake ni tumaini. Alianza kutembea Gaziantep, karibu na mpaka wa Uturuki na Shamu, akafika Manchester, mwendo wa kilomita 8,000, mchezaji mmoja juu ya mironjo ndani yake na wengine wakiishika mikono yake. Miji mingi ilimkaribisha kwa ngoma. Katika mji wa Larissa, Ugiriki, wako waliomrushia mawe. Zingatieni jambo hilo. Hakuna mtu arushaye jiwe kwa mti na kitambaa ambavyo anaviona ni mti na kitambaa. Waliompiga mawe walikuwa wamekwisha kukiri, kwa mkono wenyewe, ya kuwa yu hai.

Na kazi imekwisha kupata warithi. Vijana wa kundi la Ukwanda wa Cape Town, waliolelewa kazini na mafundi hawa, ndio waliosanifu wanyama wa makadibodi walioondoka Kinshasa mwaka 2025, pundamilia, nyani na wengineo, wakielekea kaskazini mpaka nchi ya barafu ya Norwe, wakiwa mfano wa viumbe vinavyolikimbia joto la dunia. Sisi nasi hatukosi asili. Wamakonde, ambao mpaka haukuwazuia kuwa Watanzania na Wasumbiji kwa pamoja, huuvaa mti wa lipiko kichwani, na uso uliochongwa huwa na pumzi uwanjani. Na Gado, mtoto wa Tanzania aliyefanya makazi Nairobi, tangu 2009 aliwageuza wakubwa wa siasa kuwa vikaragosi vya televisheni. Huyo alilichukua lile tusi nililoanza nalo akalirudisha kwa wenyewe. Ni kazi nyingine, nzuri kwa njia yake. Ila mlango wa Kohler twauacha wazi, hatujauingia sawasawa.

Nami nisingependa tuagane kwa maneno matupu. Katika karakana ya Handspring mwanafunzi hapewi farasi. Hupewa karatasi ya kaki, aikunje mwenyewe, aifunge kwa gundi ya utepe, ipate kichwa, mikono na miguu. Karatasi hiyo ninayo mezani hapa, nimeikunja jana usiku kwa vidole visivyo na ufundi, na uso haina. Naomba vijana watatu wapande: wewe mwanangu ushike kichwa, wewe mikono, na wewe binti, iliyo migumu kuliko vyote, miguu. Msimtembeze. Msiniangalie mimi, wala msiwaangalie wazee. Mtazameni yeye. Mwenyekiti, kwa hisani yako, tuzime feni hizi, maana karatasi ni nyepesi. Haya, taratibu, mvutieni pumzi ya kwanza.